Kubuni kitu cha ajabu kinachotunza maneno

Mtoto akiambiwa abuni kitu cha ajabu, aghalabu huleta fimbo au pete inayotimiza kila atakalo. Hadithi hufa hapo hapo, kwa kuwa hakuna kinachomshinda mwenye fimbo. Mpe kazi nyingine: abuni kitu kinachotunza maneno, kama kibuyu, kitasa, mkeka au sanduku la bibi. Maswali yatazuka yenyewe. Maneno yanaingiaje? Yanatokaje? Nani ana ruhusa ya kuyatoa, na akiyatoa anapoteza nini? Mwalimu, mzazi au mwandishi chipukizi akiyajibu manne hayo, ana hadithi mkononi.

Swali la gharama ndilo linalorukwa zaidi, na kwangu ndilo kubwa kuliko yote. Wamisri wa kale walilijua vyema. Katika hadithi yao inayojulikana kwa jina la Setne, mwana wa mfalme aitwaye Naneferkaptah anakitafuta kitabu kilichoandikwa na mungu Thoth kwa mkono wake. Kitabu kimefichwa mtoni karibu na mji wa Koptos ndani ya sanduku la chuma, lenye sanduku la shaba, na masanduku mengine ndani kwa ndani hadi la dhahabu, huku nyoka na nge wakilinda. Anakipata, anakisoma, anaanza kuelewa lugha ya ndege na samaki. Kisha anafanya jambo la kushangaza: anayanakili maneno yote kwenye karatasi ya mafunjo, anailowesha kwa bia, anaiyeyusha majini na kuyanywa maji yale ili maneno yakae mwilini mwake. Malipo yake ni mtoto wake, mkewe na hatimaye uhai wake mwenyewe, wote mtoni.

Msomaji wa pwani atakumbuka kombe: aya zilizoandikwa kwa zafarani kwenye sahani, zikakoshwa, maji yakanywewa. Hapa mwalimu awe makini. Kombe na hirizi ni mambo ya imani ya watu walio hai, si ya kuchezea darasani. Wanafunzi wabuni kitu chao wenyewe, na waelezwe wazi kwamba kitu cha hadithini hakitibu maradhi.

Swali la namna maneno yanavyotoka nalo lina mfano mzuri. Mfaransa François Rabelais, katika kitabu chake cha 1552, aliwapeleka mabaharia mahali ambapo kelele za vita vya majira ya baridi ziliganda hewani. Barafu ilipoyeyuka, maneno yalianza kusikika. Pantagruel, shujaa wa kitabu hicho, alitupa konzi kadhaa za maneno yaliyoganda juu ya sitaha, nayo yalikuwa ya rangi rangi. Yalipopata joto mikononi yalisikika, lakini hakuna aliyeyaelewa, maana yalikuwa ya lugha ngeni. Waulize wanafunzi: je, kitu chako kinatunza sauti au kinatunza maana? Mbili hizi hazifanani, na hadithi nyingi nzuri zinaishi kwenye pengo lililo kati yake.

Mfano ninaoupenda kuliko yote haukubuniwa. Waluba wa kusini-mashariki mwa Kongo walitengeneza lukasa, ubao mdogo wa kushika mkononi, uliopambwa kwa ushanga na kauri au kuchongwa alama. Wataalamu wa chama cha Mbudye waliusoma kwa kupitisha kidole juu yake huku wakisimulia asili ya ufalme, safari za mababu na koo za machifu. Ushanga mkubwa uliozungukwa na midogo ungeweza kuwa mfalme na watu wake. Mstari wa ushanga ungeweza kuwa njia au safari. Ubao ule ule ungesomwa tofauti kulingana na msomaji, wasikilizaji na shughuli iliyowakutanisha. Maneno hayakuwa ndani ya mbao peke yake. Yalihitaji mtu aliyefunzwa.

Ndiyo maana nashauri zoezi lianzie kwenye ubao. Tafuta vipande vya mbao au boksi gumu, gundi, na vifungo, kauri, mbegu au ushanga. Kila mwanafunzi achague kisa cha nyumbani kwao ambacho mwenyewe amekisikia kwa mkubwa: namna familia ilivyohama, mafuriko, harusi. Akigawe katika matukio machache, yasizidi saba, na kila tukio alipe alama yake. Asiandike herufi hata moja. Baada ya siku kadhaa asimulie kwa kidole. Kisha ampe mwenzake ubao bila maelezo, naye ausome anavyouona. Usimsahihishe yule wa pili. Kisa alichozua ndicho malighafi ya hadithi ya kubuni, na hapo ndipo mtoto anapojua ni nini kimepotea na nini kimeongezeka.

Hatua ya mwisho ni kuingiza ajabu. Iwe moja tu. Mfano: kanga ambayo jina lake, yaani maneno yaliyoandikwa juu yake, hubadilika na kuandika kile ambacho mvaaji amekataa kukisema. Kanga tayari imezoea kumsemea mwanamke mbele ya jirani au mkwe bila yeye kufungua kinywa, kwa hiyo msomaji ataiamini upesi. Kisha uliza gharama: akiivua, je, anasahau alichotaka kusema? Ikifuliwa, je? Binti akiirithi, atasoma maneno ya nani? Ajabu ya pili ikiongezwa, kanga ikaanza kuruka au kuponya, maswali haya yote yatapoa.

Kwa darasa la awali tumia vifungo vikubwa na mawe ya ukubwa wa ndimu, kwani ushanga mdogo unaweza kumkaba mtoto. Gundi ikikauka, mbao zitundikwe chini ukutani, mahali kidole cha mtoto kinapofika.