Kuta za Thimlich Ohinga: Mawe Yashikanayo Bila Chokaa

Msafiri apitaye katika vijiji vya Uingereza hukuta makanisa mengi ya mawe yaliyojengwa zamani sana, baadhi yake kabla ya mwaka 1200. Ukuta wa kanisa la namna hiyo kwa kawaida una nyuso mbili za mawe, na nafasi iliyo katikati hujazwa vijiwe vilivyoshikanishwa kwa chokaa. Ilikuwa desturi wenyeji wa parokia watengeneze upande wanaokaa waumini, na padre atengeneze upande wa madhabahu. Kwa njia hiyo kila kizazi kilitimiza sehemu yake, na makanisa yakadumu.

Mtu wa Awasi, aliyezoea uwanda wa Kano wenye udongo mweusi, huenda akadhani kwamba nchi za ziwa hazina majengo ya mawe ya kale. Lakini akishika njia ya Ahero, kisha akaelekea kusini kupitia Kisii mpaka Migori, atakuwa karibu na Thimlich Ohinga, palipo kilomita 46 hivi kaskazini-magharibi mwa mji huo. Hapo hapakujengwa kanisa, ila maboma ya watu na mifugo yao. Walakini ufundi wa kuta zake wafanana na ule wa makanisa hayo, na jinsi zilivyotunzwa pia yafanana.

Kwa Kijaluo, ohinga ni boma la mawe, na jina Thimlich lina maana ya msitu wa kutisha. Wataalamu wakadiria kwamba maboma hayo yalikuwako katika karne ya 16. Makubwa ni manne: Kochieng', Kakuku, Koketch na Koluoch. Kuta zake zina kimo cha meta 1.5 mpaka 4.5, na unene wa meta moja hivi.

Mafundi hawakutumia chokaa wala udongo, wala hawakuyachonga mawe. Walijenga uso wa nje na uso wa ndani kwa wakati mmoja, wakajaza vijiwe katikati ili kuufunga uso mmoja na mwingine. Hivyo jiwe hushikwa na uzito wa mawenzake. Palipohitaji nguvu zaidi ukuta uliongezewa mawe ya kuuegemeza, na matundu yaliachwa chini ili maji ya mvua yatoke.

Milango ni mifupi na myembamba, nayo yamefunikwa kwa mawe marefu yaliyolazwa juu. Aingiaye hana budi kuinama, na adui aliyeinama hawezi kupigana vema. Ndani mlikuwa na nyumba na mazizi, kwa maana ng'ombe ndio waliokuwa mali, na kuta ziliwalinda na wanyama wakali pamoja na wanyang'anyi. Dalili za kazi ya uhunzi nazo zimeonekana mahali hapo.

Jambo la kuzingatiwa ni kwamba maboma haya hayakuwa ya kabila moja. Watu wa lugha za Kibantu na watu wa asili ya Kinailoti waliyakalia kwa zamu. Wageni walipoyakuta hawakuyabomoa, bali waliinua palipoanguka na kubadili palipohitaji kubadilishwa. Mwanzoni mwa karne ya 20 wakazi walihama, na ua wa minyaa ukachukua mahali pa ukuta wa mawe.

Ndipo hatari ilipoanza. Ukuta usio na chokaa hauvumilii kuachwa: mizizi husukuma mawe, mifugo huyaangusha, na mtu akiondoa moja la chini, ya juu hufuata. Mwaka 2000 Thimlich Ohinga iliwekwa katika orodha ya majengo 100 ya dunia yaliyo hatarini zaidi, na baadaye kuta zikatengenezwa. Mwaka 2018 UNESCO iliitia katika Urithi wa Dunia.

Hata hivyo, heshima hiyo haiwezi kulirudisha jiwe lililoanguka. Nyanza ina maboma mengine mengi madogo ambayo hayana mlinzi. Mkulima apataye ukuta wa namna hiyo shambani mwake asiyachukue mawe yake kujengea, bali awaarifu wakuu wa Makumbusho ya Taifa. Maana waliokuja kabla yake waliukuta, nao wakaulinda.