Kabla ya Kulaumu Kompyuta ya Gari, Pima Nyaya

Taa ya injini ikiwaka kwenye dashibodi, wenye magari wengi huambiwa kwamba kompyuta imekufa na ni lazima inunuliwe nyingine au iwekewe programu upya. Mara nyingi ugonjwa uko kwenye nyaya, na kuutibu huko ni nafuu zaidi.

Kompyuta ya injini hupokea habari kutoka kwa sensa za joto, hewa na mzunguko wa injini, kisha huamua mafuta yanyunyizwe kiasi gani na plagi ziwake lini. Sensa nyingi hupata volti 5 kutoka kwa kompyuta hiyo. Waya mmoja ukichubuka na kugusa bodi, volti hizo hupotea na sensa kadhaa hulalamika kwa pamoja. Fundi asiyepima huona kodi nyingi kwenye mashine, akahukumu kompyuta.

Fundi makini huanza na betri. Injini ikiwa imezimwa, betri yenye chaji husoma karibu volti 12.6, injini ikinguruma, kati ya 13.5 na 14.5. Baada ya fyuzi na rilei hufuata athi, yaani waya unaorudisha umeme kwenye betri, na hapa ndipo wengi huruka. Injini ikinguruma, ncha moja ya mita huwekwa kwenye upande hasi wa betri na nyingine kwenye waya wa athi wa kompyuta. Ikisoma zaidi ya volti 0.1 hivi, kuna kutu au waya umelegea. Taa ya kupimia yenye balbu isitumike hapa: huvuta umeme mwingi unaoweza kuunguza kompyuta.

Ikibidi kuweka programu upya kupitia soketi ya pini 16 iliyo chini ya dashibodi, programu ya zamani hunakiliwa kwanza. Taa, redio na feni huzimwa, na betri huunganishwa na chaja inayotoa umeme usioyumba. Umeme ukishuka katikati ya kazi, gari huenda lisiwake tena.

Kompyuta iliyotolewa kwenye gari kuukuu nayo ina mtego wake: katika magari mengi haitambui ufunguo wa gari jipya hadi vioanishwe.

Kwa wenye matatu, kabla ya kuchomelea bodi, betri ifunguliwe na plagi ya kompyuta ichomolewe.