Padre Alipoondoka, Imani Ilibaki Nyumbani



Vijana wenzangu, somo letu la leo linahusu familia zilizoteswa kwa ajili ya imani zikashikamana na Kristo. Tutawatazama Mashahidi wa Uganda, lakini hatutaanzia Namugongo. Tutaanzia huku kwetu Tabora, kwa sababu Injili iliyowazaa mashahidi wale ilipita huku.

Masomo ya kusoma kwanza: Mathayo 10:16-39, 2 Wamakabayo 7, Matendo 12:1-17, 2 Timotheo 1:3-8.

1. Njia iliyopita Tabora

Ukiwa Puge uko katikati ya barabara: kama kilomita 56 kwenda Tabora mjini, na kama 59 kwenda Nzega. Mwaka 1878 msafara wa kwanza wa Wamisionari wa Afrika, wale tuliozoea kuwaita White Fathers, ulitoka Bagamoyo kwa miguu mpaka Tabora. Hapo wakagawanyika. Kundi moja likaenda magharibi, Ziwa Tanganyika. Lingine likaenda kaskazini, Ziwa Nyanza, upande ule ule zinakoelekea leo basi zetu za Mwanza. Tarehe 17 Februari 1879 Padre Simeon Lourdel na Bruda Amans wakafika Buganda kwa Kabaka Mutesa.

Wabatizwa wa kwanza walipatikana mwaka 1880. Halafu Novemba 1882, hali ilipokuwa ngumu, mapadre wakaondoka Buganda wakavuka ziwa kuja upande huu wa kusini. Walirudi Julai 1885. Hesabu mwenyewe: karibu miaka mitatu bila Misa, bila kitubio, bila padre wa kumuuliza swali. Wakristo wenyewe walikuwa wachanga kabisa katika imani.

Sasa tuulizane: nani aliilinda imani miaka ile?

2. Nyumba zilizogeuka kanisa

Walei ndio walioilinda, tena majumbani mwao. Ikulu, Yosefu Mukasa Balikuddembe aliwafundisha vijana waliomtumikia Kabaka. Andrea Kaggwa alifundisha nyumbani kwake. Na kule Mityana, mbali na ikulu, kulikuwa na Matia Mulumba Kalemba, Luka Banabakintu na Noe Mawaggali.

Matia alikuwa mtu mzima, mwenye cheo na familia. Alipoamua kumfuata Kristo alibaki na mke mmoja, jambo ambalo kwa mtu wa cheo chake halikuwa dogo. Nyumba yake ikawa mahali pa sala na mafundisho kwa majirani. Noe alikuwa mfinyanzi, mtu wa kazi za mikono. Hawakuwa na kanisa la matofali wala kwaya yenye sare. Walisafiri kwa miguu mpaka misheni, wakajifunza, wakarudi kuwafundisha wenzao.

Mapadre waliporudi hawakukuta majivu. Walikuta moto unawaka, na waamini wameongezeka.

Ndugu zangu, hapo ndipo penye siri. Mateso yalipokuja, hayakuwakuta watu waliozoea kusali siku ya Jumapili tu. Yalikuta nyumba zinazosali.

3. Mateso yalipoingia ndani ya familia

Kabaka Mwanga alimwua Yosefu Mukasa tarehe 15 Novemba 1885. Mei 1886 mateso yakawa makali. Matia na Luka walikamatwa. Matia alikatwa viungo akaachwa afe peke yake. Kanisa linaikumbuka tarehe 30 Mei kuwa siku aliyokufa. Kesho yake, tarehe 31, wavamizi waliofika Mityana walimwua Noe.

Noe alikuwa na dada yake, Munaku. Baada ya kaka yake kuuawa, alijitokeza mwenyewe akasema kwamba na yeye ni wa dini hiyo hiyo. Hawakumwua. Walimchukua mateka, wakamfunga, na mkuu wa wavamizi akataka kumwoa. Binti akakataa, hata alipoteswa. Baadaye mapadre walimkomboa, akabatizwa kwa jina la Maria Matilda, akaishi miaka mingi akimtumikia Mungu bila kuolewa. Jina lake halimo kati ya wale 22, lakini ushuhuda wake ni mkubwa. Kuna anayekufa kwa ajili ya Kristo, na kuna anayeishi kwa ajili yake miaka hamsini. Wote wamevumilia.

Halafu yupo Mbaga Tuzinde. Huyu habari yake inauma. Mkuu wa wanyongaji wa Namugongo, Mukajanga, alikuwa mlezi na ndugu yake. Mzee alimbembeleza: sema tu umeacha kusali, au nikufiche. Mbaga akakataa kusema uongo. Mukajanga akaamuru apigwe shingoni kwanza, ili moto usimkute akiwa hai. Tarehe 3 Juni 1886 wenzake, akiwemo Kizito mwenye umri wa miaka kama 14, walichomwa wakiwa hai.

Yesu alikwisha kusema katika Mathayo 10 kwamba kwa ajili yake watu wa nyumba moja watapingana. Hapo hatufundishwi kuwachukia wazazi. Mbaga hakumtukana Mukajanga. Alimheshimu kama mzazi, ila hakumpa nafasi ya Mungu.

4. Tusisahau na hili

Mashahidi Wakatoliki ni 22, na Papa Paulo VI aliwatangaza watakatifu tarehe 18 Oktoba 1964. Pamoja nao waliuawa pia Waanglikana. Na miaka kumi kabla, mwaka 1876, Kabaka Mutesa aliwaua vijana Waislamu kwa sababu walishika dini yao. Kwa hiyo kijana wa mkoa wetu, ambako Mkristo na Mwislamu wanachota maji kisima kimoja, asitumie habari hii kumsimanga jirani. Aliyeteswa kwa ajili ya imani anapaswa kuwa wa mwisho kumtesa mwingine.

Wala mateso si habari ya zamani tu. Tarehe 27 Julai 2025, huko Komanda, Ituri, mashariki mwa Kongo, waasi wa ADF waliwavamia waamini waliokuwa katika mkesha wa sala kanisani. Waliuawa watu zaidi ya 40. Wale wanasali kwa Kiswahili kama sisi.

5. Inatuhusu vipi?

Tuseme ukweli: kuchekwa na wenzako kwa kuvaa rozari si Namugongo. Lakini yapo mazito. Kuna binti anayeambiwa na mchumba achague ndoa au Kanisa. Kuna kijana anayenyimwa karo kwa sababu amekataa kwenda kwa mganga. Kwa hao nasema mambo matatu.

*Jenga sala nyumbani kabla ya dhoruba.* Fumbo moja la rozari pamoja na wadogo zako kila jioni si kazi kubwa. Kama wazazi hawasali, anza wewe, bila kelele.

*Kataa kwa heshima.* Msaidie baba shambani, mpikie mama, wahudumie wagonjwa wa ukoo. Waone kwamba unachokataa ni tendo lile tu, si wao.

*Usitafute mateso.* Mathayo 10:23 inaruhusu kukimbia, na mapadre wenyewe waliondoka mwaka 1882. Ukipigwa au ukitishiwa, toka. Mwambie paroko, katekista, mwenyekiti wa jumuiya au ofisi ya ustawi wa jamii. Kuokoa uhai wako si kumkana Kristo.

Maswali ya kujadili katika jumuiya au VIWAWA

1. Kama parokia yetu ingekaa miaka mitatu bila padre, nani angefundisha watoto nyumbani kwenu?
2. Kati ya Matia, Munaku na Mbaga, nani yuko karibu na hali yako? Kwa nini?
3. Tumsaidie vipi mwenzetu ambaye familia yake inampinga?

Tusali

Ee Mungu Baba, uliyewapa Matia, Noe na Mbaga nguvu hata kufa, na Munaku nguvu hata kuishi, zitazame familia zetu. Wafariji ndugu zetu wa Kongo. Utupe moyo usiokukana na ulimi usiowatukana wanaotupinga. Kwa Kristo Bwana wetu. Amina.

Mashahidi wa Uganda, mtuombee!