Kichujio cha Wavuti na Mofimu za Kiswahili

Katika tarakilishi, maktaba ya programu ni faili yenye amri zinazotumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Katika mfumo wa Windows, jina lake huishia kwa herufi .dll. Baadhi ya vichujio vya wavuti hutumia faili za aina hii kukagua maandishi kabla hayajamfikia msomaji. Kichujio sahili hulinganisha mfuatano wa herufi tu, hakizingatii maana. Mwaka wa 1996, wakazi wa mji wa Scunthorpe, Uingereza, walizuiwa kufungua akaunti za AOL kwa kuwa jina la mji wao lina herufi za tusi.

Katika Kiswahili, tatizo hili lina sura mbili. Kwanza, shina la maneno mshitakiwa na mashitaka huanza kwa herufi nne za tusi la Kiingereza; hivyo, taarifa ya mahakama yaweza kuzuiwa, ilhali umbo mshtakiwa likasalimika. Pili, kichujio kinachotafuta neno zima pekee hupitwa na tusi la Kiswahili lililovishwa viambishi. Basi, dawa si kurefusha orodha ya maneno, bali ni kukiwezesha kichujio kuchanganua mofimu. Kazi hiyo ni ya mwanaisimu kabla ya kuwa ya mtaalamu wa tarakilishi.