Bibi Maya Deren na Sinema Zake

Wengi wetu hudhani kwamba sinema haiwezi kutengenezwa pasipo fedha nyingi na umati wa watu. Mimi nasema sivyo, na shahidi wangu ni Bibi Maya Deren.

Alizaliwa Kiev, nchini Ukraine, mwaka 1917, akahamia Marekani pamoja na wazazi wake mwaka 1922. Baba yake alipofariki, alitumia sehemu ya urithi kununua kamera ndogo iliyokwisha tumika. Mwaka 1943 yeye na mumewe, Alexander Hammid, walitengeneza sinema yao ya kwanza nyumbani mwao, wakaicheza wenyewe.

Sasa tutazame sinema yake ya mwaka 1945. Mcheza dansi Talley Beatty anainua mguu msituni. Unaposhuka, unakanyaga sakafu ya chumba. Je, ni uchawi? La. Bibi huyu alipiga picha mahali pawili, kisha akakata utepe na kuunganisha vipande. Mwendo wa mguu haukatiki, bali mahali pamebadilika. Ndiyo sanaa yake: kamera isiige michezo ya jukwaani tu, bali ionyeshe jambo ambalo jukwaani haliwezekani.

Wala hakungoja wenye majumba ya sinema wamwalike. Mwaka 1946 alikodi ukumbi mdogo mjini New York, akaonyesha kazi zake mwenyewe. Hakutajirika, naye alifariki mwaka 1961, lakini sinema zake zingali zinafundishwa.

Basi, ndugu wanafunzi, tukienda sinema tusifuate hadithi tu; tutafute na mahali mkasi ulipopita.