MAUMIVU YA KILA MWEZI: PICHA YA ALTRASAUNDI HUONYESHA NINI?



Leo katika ukurasa wetu wa afya tutajifunza juu ya ugonjwa mmoja wa kizazi. Huwapata akina mama wengi, lakini wachache wanaujua kwa jina. Jina lake ni adenomiosisi. Lisome polepole: a-de-no-mi-o-si-si. Ni neno refu, lakini usiliogope. Aliyeweza kusoma neno "maendeleo" ataliweza na hili.

Somo hili ni la wanawake na wanaume pia. Kila mwanamume ana mama, na wengi wana mke, dada au binti.

MAMA ALIYEANDIKA SIKU ZAKE

Tuchukue mfano wa mama mmoja wa kijijini. Ana umri wa miaka 38 na watoto 4. Zamani hedhi yake ilikuwa ya siku 4. Sasa imekuwa ya siku 9. Damu hutoka kwa wingi na ina mabonge. Tumbo la chini humkata hata hawezi kushika jembe. Akienda kuchota maji, huona kizunguzungu njiani.

Majirani walimwambia, "Vumilia, ndiyo hali ya wanawake." Mama mkwe alisema mkwewe amerogwa. Mbuzi mmoja akauzwa ili walipe mganga wa kienyeji. Mwezi uliofuata akauzwa wa pili. Mbuzi wawili walikwenda, damu haikupungua.

Mama huyu alikuwa akihudhuria darasa la kisomo. Siku moja alifungua daftari lake, akaanza kuandika. Aliandika tarehe damu ilipoanza na tarehe ilipokoma. Aliandika idadi ya vitambaa alivyobadilisha kila siku, mabonge na maumivu. Alifanya hivyo kwa miezi 3, kisha akaenda zahanati na daftari lake.

"Shikamoo, mama," alimsalimu muuguzi.

"Marahaba, mwanangu. Una shida gani?"

Mama alimpa daftari. Muuguzi alisoma ukurasa mmoja, halafu wa pili. Akasema, "Mwanangu, hapa umeniletea nusu ya kipimo."

Alimpima wekundu wa damu. Ulikuwa 8. Mwanamke mzima asiye na mimba anatakiwa awe na 12 au zaidi. Kumbe kizunguzungu kilitokana na upungufu wa damu. Alipewa vidonge vya madini ya chuma, na barua ya kwenda hospitali ya wilaya kupigwa picha ya altrasaundi.

UGONJWA WENYEWE NI NINI?

Fikiria nyumba ya udongo iliyopigwa lipu ndani. Kizazi kinafanana nayo. Ukuta wake ni nyama nene. Upande wa ndani wa ukuta kuna utando laini. Kila mwezi utando huu hunenepa kuingoja mimba. Mimba isipotungwa, utando hubomoka na kutoka pamoja na damu. Hiyo ndiyo hedhi.

Kwa mwenye adenomiosisi, vipande vya utando ule vimo ndani ya nyama ya ukuta. Huko nako huvimba kila mwezi na kuvuja damu kidogo. Lakini damu hiyo haina mlango wa kutokea. Kwa hiyo ukuta hunenepa, kizazi hukua, na maumivu huzidi.

Dalili zake ni damu nyingi ya hedhi, maumivu makali wakati wa hedhi, maumivu wakati wa tendo la ndoa, na kwa wengine taabu ya kupata mimba. Wapo pia wasiohisi lolote. Mara nyingi ugonjwa huonekana kwa wanawake wenye miaka 30 hadi 50, lakini vijana nao huupata.

Ugonjwa huu si saratani. Hauambukizi. Hautokani na uchawi wala uzinzi.

ZAMANI ULIJULIKANAJE?

Kwa miaka mingi waganga wa hospitali hawakuweza kuutambua kwa hakika mama akiwa bado na kizazi chake. Kizazi kiliondolewa kwa upasuaji, kikakatwa vipande, vipande vikaangaliwa kwa hadubini. Yaani nyumba ilibomolewa kwanza, ndipo mchwa wakaonekana. Siku hizi tunaweza kuukagua ukuta nyumba ikiwa imesimama.

SAUTI INAYOCHORA PICHA

Ukipiga kelele mbele ya mlima, sauti yako hukurudia. Huo ni mwangwi. Altrasaundi hufanya kazi kwa mwangwi. Mashine hutuma sauti mwilini. Sauti hugonga nyama, maji na mifupa, kisha hurudi. Mashine huugeuza mwangwi huo kuwa picha nyeusi na nyeupe.

Sauti hiyo hatuisikii. Sikio la mtu husikia mitetemo isiyozidi 20,000 hivi kwa sekunde moja. Mashine hii hutumia mitetemo ya mamilioni kwa sekunde. Haina mionzi kama ya eksirei, haichomi, na hata wajawazito hupimwa nayo.

Mwaka 1958 daktari Ian Donald na wenzake wa Glasgow, Uskoti, walitangaza picha za matumbo ya wagonjwa zilizopatikana kwa njia hii. Walianza na chombo cha kiwandani cha kutafutia nyufa ndani ya chuma. Mgonjwa wao mmoja alidhaniwa ana saratani ya tumbo isiyotibika. Picha ilionyesha uvimbe wa maji. Akapasuliwa, uvimbe ukatolewa, akapona.

JINSI UNAVYOPIMWA

Zipo njia mbili.

Njia ya kwanza ni juu ya tumbo. Unakunywa maji glasi 3 au 4 saa moja kabla ya kipimo, na unajizuia kukojoa. Kibofu kilichojaa husogeza utumbo pembeni, na sauti hupita vizuri katika maji. Mpimaji hupaka mafuta mazito ya baridi tumboni, kisha hupitisha kipimio juu yake.

Njia ya pili ni kupitia ukeni. Hapa unakojoa kwanza. Kipimio chembamba huvikwa mpira safi, kikaingizwa taratibu. Njia hii huonyesha ukuta wa kizazi vizuri zaidi, kwa sababu kipimio kiko karibu nao. Msichana ambaye hajawahi kulala na mwanamume hupimwa juu ya tumbo.

Mpimaji lazima akueleze kabla hajaanza. Una haki ya kuuliza, kuomba muuguzi wa kike awepo, na hata kukataa.

DAKTARI ANATAFUTA NINI?

Kizazi cha kawaida kina umbo la parachichi dogo, urefu wa sentimeta 7 au 8. Kwa mwenye adenomiosisi daktari anaweza kuona mambo haya:

1. Kizazi kimekuwa cha mviringo kama chungwa kubwa.
2. Ukuta wa upande mmoja ni mnene kuliko wa upande mwingine.
3. Ndani ya nyama ya ukuta kuna vitundu vyeusi. Hivyo ni vijifuko vya majimaji au damu. Huweza kuwapo pia visiwa vyeupe vya utando.
4. Kuna mistari ya kivuli na mwanga, kama jua linapopenya katikati ya fito za ukuta usiokandikwa.
5. Mpaka kati ya utando na nyama haueleweki vizuri, au umekatika.

Si lazima mambo yote 5 yaonekane kwa mtu mmoja. Mwaka 2015 wataalamu wa nchi mbalimbali walikubaliana jinsi ya kuzieleza dalili hizi kwa lugha moja. Mwaka 2022 walizipitia upya. Walisema kwamba vijifuko, visiwa vyeupe na vichipukizi vya utando vinavyoingia katika nyama ni ushahidi wa moja kwa moja. Mengine ni ushahidi wa pembeni.

USICHANGANYE NA FIBROIDI

Fibroidi ni uvimbe wa nyama katika kizazi. Magonjwa haya mawili hufanana kwa dalili, na mama anaweza kuwa nayo yote mawili. Lakini katika picha hutofautiana. Fibroidi ni kama kokwa ndani ya embe: ina mpaka wake, na mpasuaji anaweza kuitoa na kuacha kizazi. Adenomiosisi ni kama chumvi iliyokwisha kolea katika mchuzi. Imeenea, ni vigumu kuitenga. Kwa hiyo picha iliyosomwa vibaya inaweza kumpeleka mama kwenye upasuaji usiomfaa.

PICHA NYINGINE

Eksirei ya kawaida haisaidii hapa. Ipo picha ya sumaku, iitwayo MRI. Mgonjwa hulala ndani ya mashine kama pipa kubwa, nayo hupiga kelele. Haina mionzi. Ukiwa na chuma mwilini, mwambie mpimaji mapema. Picha hii hupima vizuri tabaka la nyama lililo chini ya utando. Likifika unene wa milimita 12 au zaidi, adenomiosisi hushukiwa sana. Lakini MRI ni ghali na hupatikana katika hospitali kubwa. Wengi hawaihitaji. Altrasaundi iliyopigwa na mtu mwenye ujuzi huwatosha.

PICHA NI SHAHIDI WA PILI

Picha inaweza kuwa safi na mama akawa mgonjwa. Tena picha inaweza kuonyesha ugonjwa kwa mama asiyeumwa kitu, naye asihitaji dawa. Shahidi wa kwanza ni mama mwenyewe. Daktari hutibu mtu, hatibu picha. Ndiyo maana daftari lina thamani.

BAADA YA PICHA

Zipo dawa za kupunguza maumivu na dawa za kupunguza damu. Vipo vidonge vya majira. Kipo kitanzi chenye dawa ya homoni, ambacho hupunguza damu sana. Usikichanganye na kitanzi cha shaba, ambacho kinaweza kuiongeza damu. Kuondoa kizazi humaliza ugonjwa kabisa, lakini baada ya hapo mama hazai tena. Uamuzi huo ni wake, baada ya kuelezwa yote. Hedhi ikikoma kwa umri, ugonjwa nao kwa kawaida hutulia.

Usichelewe kwenda hospitali ikiwa hedhi huzidi siku 7, au una mabonge makubwa. Nenda siku hiyo hiyo ikiwa kitambaa hulowa kila saa, unazimia, au damu inatoka ukiwa na mimba. Damu ikirudi baada ya hedhi kukoma kwa umri, nenda upesi. Huenda ni ugonjwa mwingine wa hatari.

Yule mama wa mfano wetu alipopimwa, kizazi chake kilionekana cha mviringo, ukuta wa nyuma mnene, wenye vitundu vyeusi. Aliendelea na vidonge vya chuma, akawekewa kitanzi cha homoni. Baada ya miezi 6 daftari lake lilionyesha siku 3 za damu kidogo. Wekundu wa damu ulikuwa 12. Mume wake alisoma kurasa zile mwenyewe, akanyamaza. Mbuzi wa tatu bado yuko zizini.

MASWALI YA KUJADILI DARASANI

1. Kwa nini muuguzi alisema daftari ni nusu ya kipimo?
2. Adenomiosisi na fibroidi zinatofautianaje katika picha?
3. Kwa nini kibofu kinatakiwa kujaa unapopimwa juu ya tumbo?
4. Katika kijiji chenu, mama mwenye damu nyingi huambiwa nini? Ninyi mtamwambia nini?

Zoezi: Chora mistari minne katika daftari lako. Juu yake andika: Tarehe, Vitambaa, Mabonge, Maumivu. Mfundishe mwenzako asiyejua kuandika jinsi ya kujaza kwa alama.