SOMO: KITUO KIDOGO CHA TELEVISHENI HUFIKA WAPI?

Mwanachama wa Mikumi aweza kuuliza mkutanoni: ikiwa Zanzibar ilipata televisheni yake zamani, kwa nini Mikumi isiwe na kituo chake kidogo cha kutangaza habari za mazao na mikutano ya vyama? Swali hilo ni la haki. Lakini kabla fedha za wanachama hazijaguswa, yafaa historia yake ifahamike.

Televisheni ya Zanzibar ilianzishwa mwaka 1973, tena kwa picha za rangi, wakati vituo vingi vya Afrika vilikuwa bado vya picha nyeusi na nyeupe. Ilikusudiwa Unguja na Pemba, lakini mawimbi yake yalivuka bahari, yakapokewa Dar es Salaam na wale waliosimamisha antena ndefu. Bara hapakuwa na kituo. Serikali iliiona televisheni kuwa anasa ya wachache wa mjini, ikashikilia redio. Mwaka huohuo wa 1973 kampeni ya “Mtu ni Afya” iliwakutanisha watu wapatao milioni 2 katika vikundi vya kusikiliza na kujadiliana. Hesabu hiyo haikuwa mbaya: redio moja ya betri ilitosha kikundi kizima, na kijiji hakikuhitaji umeme.

Sheria ya Utangazaji ya mwaka 1993 ndiyo iliyofungua mlango kwa watu binafsi, na mwaka 1994 vituo vya kwanza vikaanza Dar es Salaam, ITV kikiwa kimojawapo. Baadaye hata mji wa Morogoro ukapata kituo chake, Abood.

Sasa, kwa nini mawimbi yalivuka bahari kwa wepesi? Mawimbi ya televisheni husafiri karibu na mstari ulionyooka, na juu ya maji hakuna mlima. Mlingoti wa meta 50 katika nchi tambarare huona upeo wa kiasi cha kilometa 30. Mikumi haiko katika nchi ya namna hiyo: mashariki ipo Uluguru, magharibi na kusini ipo Rubeho na Udzungwa. Kijiji kilicho nyuma ya kilima chaweza kukosa picha ingawa mtambo uko karibu. Wala kuongeza nguvu si dawa rahisi, kwani hata pasipo kizuizi, kufikia umbali maradufu huhitaji nguvu mara nne.

Jambo jingine lilibadilika usiku wa tarehe 31 Desemba 2012, mitambo ya analojia ilipoanza kuzimwa Dar es Salaam, na miji mingine ikafuata. Katika utaratibu wa dijitali, mwenye kituo hutengeneza vipindi tu. Kuvirusha ni kazi ya kampuni yenye leseni yake, nayo hulipwa. Kamera hununuliwa mara moja, lakini malipo ya kurusha hayakomi. Hapo ndipo chama kidogo chaweza kuumia, hasa mwaka wa mavuno mabaya.

Maswali ya kujadiliwa:

1. Ni vijiji vipi vya wanachama vilivyo nyuma ya vilima, navyo vitachangia kwa haki gani?

2. Gharama ya kurusha italipwa na mfuko upi msimu usipokuwa na mauzo?

3. Je, habari zinazotakiwa zahitaji picha, au redio yatosha?

4. Nani atakuwa na kauli juu ya vipindi: halmashauri ya chama au mkutano mkuu?